Watoto Walioinama Mbele ya Kamera
Olkaria

Mama mpendwa,

Mguu umepona, au bado unaufunga kitambaa na kuniambia umepona? Mimi ni mzima wa mwili. Moyo ndio umechafuka.

Unakumbuka nilivyokueleza kazi yangu ya filamu: simuulizi mtu swali, simwambii asimame hapa au pale, natazama tu na kamera mpaka watu wanisahau. Ulicheka ukasema hiyo ni kazi ya paka. Basi paka wako amekaa miezi kwa Mama Naserian, mfugaji anayehamishwa hapa karibu na visima vya mvuke wa kuzalisha umeme, akingoja siku ya kubomolewa nyumba yake. Bila siku hiyo sina filamu.

Kumbe hawakunisahau hata kidogo! Huku mtoto akikutana na mtu mzima huinamisha kichwa aguswe utosini. Ndiyo salamu yao. Wajukuu wa Mama Naserian waliniinamia kila asubuhi, nami nimeshika kamera kwa mikono miwili, kimya kama nguzo. Nilijiona fundi kweli.

Jumamosi, siku yenyewe ya kubomoa, majirani walikuja kutoa mabati ya paa. Nilikuwa nimejipanga, mwanga mzuri, Mama Naserian akanizuia mlangoni.

"Leo huingizi hiyo kitu hapa. Hawa watoto wananiuliza kila siku, huyu anko tulimkosea wapi?"

"Mathe, ni kazi tu. Sitaki kuharibu picha."

"Picha ya nani? Si ni yao?"

Niliudhika sana. Nikaweka kamera chini kwenye vumbi, nikaanza kuwagusa watoto utosini mmoja mmoja. Nyuma yangu bati la kwanza likang'oka, halafu wanawake wakaanza kuimba. Nilipogeuka, zilikuwa zimebaki kuta tupu.

Mpaka sasa nina hasira, Mama. Siwezi kumwambia mtu ajenge tena nyumba yake aibomoe kwa ajili yangu.

Mshukuru dada Mghoi kwa sweta, baridi ya huku haina adabu. Na mjomba aache kutangaza dukani kwake kwamba karibu nitaonekana kwenye televisheni.

Sijakwambia kilichonichelewesha kugeuka. Yule mdogo kabisa, kila nikimgusa, alikimbia kurudi mwisho wa foleni, akaja akainama tena, anacheka. Hiyo ndiyo picha ninayoililia, na kamera ilikuwa chini.

Mwanao,
Mwakio