Siku Thelathini na Nane Ambazo Sikuusoma Mto

Kwa Galgalo Guracha,
Nyuma ya posho mili,
Garsen, Tana River.
9 Februari 2025

Mpendwa mpwa wangu Gumato,

Assalaam alaykum warahmatullah. Kabla ya yote, hali yako? Kifua kile kilichokuwa kikikubana kimekuachia? Mama yako ananiambia huko Uholanzi kuna miaka maji ya mifereji huganda mpaka watu wakatembea juu yake. Nimewasimulia watu mnadani, na nakuapia, kwa mara ya kwanza nimesema jambo la kweli tupu na hakuna aliyeniamini. Vaa soksi mbili mbili.

Sisi ni wazima, alhamdulillahi. Zimebaki wiki tatu hivi Ramadhani iingie. Kinachonisumbua ni goti la kushoto tu, lile nililoumia siku niliyomvuta mamba kwa mkia hadi nchi kavu. Najua mama yako hukwambia alikuwa kenge. Yeye hakuwepo.

Utajiuliza kwa nini nimeshika kalamu na simu ipo. Nina jambo zito, na kwenye simu ungenikatiza kabla sijafika penyewe. Abdirizak wa duka la fotokopi atazipiga picha kurasa hizi akutumie leo leo, maana kazi yako ya chuo juu ya mafuriko ya Tana unaikabidhi mwisho wa mwezi huu. Tafadhali soma hadi mwisho ndipo unipigie.

Mwanzo wake ni mchwa. Mwezi wa Novemba waliingia nyumbani kwa mama yako, akakimbia na katoni yako ya vitabu vya takwimu akaniletea mimi, kwa sababu sakafu yangu ni ya saruji. Vilikuwa saba, na kimoja mchwa walikuwa wameshamaliza utangulizi. Nikajiambia, mtu aliyefika darasa la saba la zamani, lile lililokuwa na uzito wa fomu foo ya leo, atashindwaje na kitabu? Nikaanza na kile kinene chekundu cha kufundishia. Ukurasa wa kumi na mbili nikakutana na ile M iliyoanguka ubavuni. Nikakitumia kuzuia mlango.

Ndipo nikashika kile chembamba, cha historia, kamusi ikiwa mkono wa pili. Gumato, mwezi mzima chai yangu ilipoa kikombeni.

Mimi nilidhani takwimu ni kazi ya wale wanaopita kuuliza una mbuzi wangapi, nawe unawapunguzia. Kumbe kulikuwa na mji mmoja wa Ulaya, zama za tauni, ambako kila wiki waliandika waliozaliwa, waliozikwa na kilichowaua. Karatasi zikarundikana miaka na miaka. Akaja muuza vitambaa, si daktari wala mwanachuoni, akakaa nazo. Akaona kwamba watoto wa kiume huzaliwa wengi kidogo kuliko wa kike, mwaka hadi mwaka, bila kubadilika. Muuza vitambaa! Kila mtu mjini alikuwa amemwona maiti wake, yeye akawaona wote kwa pamoja.

Kuna na watazama nyota. Wanne wanapima nyota ile ile, kila mmoja anapata nambari yake, wanagombana. Halafu mtu akapata moyo wa kusema: msichague mkubwa wenu, jumlisheni zote mgawanye. Jambo dogo hivyo, na kitabu kinasema ilichukua karne nyingi watu kulikubali. Mimi nimekaa vikao vingi vya wazee, nikaelewa mara moja kwa nini.

Ila kisa cha ng'ombe kilinikasirisha. Eti kwenye maonyesho huko Uingereza, zaidi ya miaka mia moja iliyopita, watu karibu mia nane walikisia uzito wa ng'ombe mmoja, na wastani wao ukakaribia mzani kuliko unavyoweza kuamini. Hapo nikasema mwandishi ametuingilia. Ng'ombe ni mambo yetu.

Nikaenda mnadani na daftari. Dume la Abdullahi wa Chewele lilikuwa limesimama kando ya mzani. Niliwauliza watu thelathini na mmoja, kila mmoja aninong'oneze peke yake: wachungaji, madalali, Kanze anayeuza chai, hata dereva wa lori asiyejua dume na jike. Mimi niliandika kilo 410, kwa kuwa jicho langu halijakosea tangu niachishwe ziwa. Dume likapanda mzani: 338. Wastani wa wale thelathini na mmoja: 334. Kanze peke yake alinishinda kwa mbali. Madalali wakaniuliza kama siku hizi nikitazama ng'ombe mmoja nawaona wawili.

Nilicheka nao, kisha nikairudia hesabu. Watu thelathini na mmoja wamekosea, kila mtu kosa lake, na makosa yao yamekutana yakafutana. Nilirudi nyumbani nikakiondoa kile chekundu mlangoni, nikakipangusa vumbi.

Sasa nafika penyewe.

Wewe unaijua kazi yangu, lakini acha niiandike ikae kwenye karatasi. Ni miaka kumi na mmoja tangu ukame ulipotuachia ng'ombe sita, nikachukua kazi ya kusoma mto. Kila siku saa moja asubuhi nashuka ukingoni, natazama zile mbao za kipimo zilizosimamishwa majini, naandika kimo cha maji kwenye daftari la ofisi ya maji. Wapokomo, wakulima wa ukingoni, walicheka sana, mtu wa ng'ombe kutumwa kusoma maji. Na ni daftari hilo ulilojengea kazi yako. Januari ulinitumia ujumbe kwamba jina langu umeliweka ukurasa wa mwanzo: Galgalo Guracha, aliyeusoma mto bila kukosa hata siku moja. Ujumbe ule nimeusikilizisha soko zima. Hata imamu ameusikia.

Siku chache baadaye, katika kile chekundu, nikiruka kila penye M iliyoanguka, nikafika sura ya watu wanaotunga nambari.

Kinasema hivi. Ukipima kitu kwa kweli, tarakimu ya mwisho haina mwenyewe. Sifuri, moja, mbili, hadi tisa, zote zinakuja kwa zamu zao, takriban sawa. Lakini anayetunga ana tarakimu zake anazozipenda, maana zinaonekana za kweli machoni pake. Nyingine anazikwepa. Na anaogopa kurudia nambari ile ile mara mbili, akidhani watasema amedanganya.

Nilichukua nakala ya daftari, nikafungua kuanzia tarehe 1 Novemba 2023 hadi tarehe 8 Desemba, siku thelathini na nane, nikahesabu tarakimu za mwisho kwa punje za mahindi. Saba ilikuwa na punje kumi na moja. Tatu, punje tisa. Sifuri haikuwa na hata moja. Na hakuna siku mbili zilizofuatana zenye kimo kimoja. Kisha nikachukua siku nyingine thelathini na nane, za mwaka uliotangulia. Vijirundo kumi karibu sawa, na mahali pengine mto umesimama pale pale siku mbili, siku tatu.

Nilikaa mbele ya punje zile kama mtu aliyeitwa jina lake na mgeni. Kitabu kile kilichapwa wakati mimi nachunga ndama. Aliyekiandika haijui Garsen. Na amenikuta.

Kwa sababu siku zile sikuusoma mto. Tarehe 31 Oktoba nilisoma, nikapanda lori kwenda Bangale kuwaona ng'ombe wangu walioko kwa Sadik anayenichungia, nikisikia nyasi zimechipua. Nilikusudia siku tatu. Mvua ikafunga barabara. Nikakaa huko nikinywa maziwa ya watu na kuwasimulia habari za mamba, na huku nyuma mto ukapanda, ukaingia mashambani na majumbani, watu wote wakakimbilia kambi ya kule juu kando ya lami. Nilirudi tarehe 8 Desemba jioni, nikaambiwa bwana wa ofisi anapita kesho kuchukua daftari. Nikaketi, nikazitunga nambari zote kwa kalamu moja, kwa kikao kimoja.

Ile ya tarehe 24 Novemba, mita 4.87, uliyosema ndiyo kilele cha mafuriko na nguzo ya kazi yako nzima, niliichonga mezani kwangu.

Na tazama maajabu ya Mungu. Mimi ambaye sijawahi kusimulia jambo bila kulirefusha, siku hiyo nililifupisha. Niliogopa nikiandika kubwa ofisi itakuja kuuliza maswali. Mara moja tu maishani nimepunguza, na hiyo ndiyo iliyoharibu. Kwa nambari yangu ulimwambia mama yako ajenge kwenye kiwanja kile cha nyuma ya mikoche, kwamba maji hayafiki. Siku za mafuriko yale kilikuwa kichaka, hakuna aliyebaki kuona maji yaliishia wapi. Na msingi ulikuwa umeshachimbwa, mawe yamemwagwa.

Sikuweza kukuandikia hivyo tu, nikuachie shimo. Nikaenda kwa Truphena, mwenye posho mili ya kusagia mahindi. Yeye ukuta wake haujapakwa rangi tangu mafuriko, mstari wa tope uko pale pale, na mwezi na mwaka wake ameviandika kwa mkaa. Nikamuuliza kwa nini hakuufuta. Akanijibu, "Nimeuacha ili asije mtu kama wewe akasema maji yalinifika kiunoni, na kufika kesho kutwa, mdomoni mwako yatakuwa yamenizamisha."

Fundi anayemjengea mama yako, Mohdhar wa Kipini, ana ule mpira mrefu wa maji wa kusawazishia. Ukiujaza, maji ya ncha hii na ya ncha ile husimama kimo kimoja. Nilimwomba tuutoe ule mstari wa tope ukutani, tuupeleke kigingi kwa kigingi hadi kwenye mbao za kipimo mtoni. Akacheka: "Galgalo, leo wapima ukuta? Wewe si wapima kwa mdomo?" Lakini alikuja. Asubuhi nzima tulikuwa tukiinama na kuinuka na goti langu hili. Ukuta wa Truphena ukatupa 5.61.

Hapo Galgalo wa zamani angeridhika. Nikawakumbuka watazama nyota. Nikamwambia Mohdhar ukuta mmoja ni shahidi mmoja, tukatafuta kuta nyingine nne zenye tope la mafuriko yale. Zilitupa 5.58, 5.66, 5.60 na 5.63. Kila ukuta na kosa lake. Nilijumlisha nikagawanya, mara tatu, mbele ya Mohdhar: 5.62. Maji yalishaondoka zaidi ya mwaka, na sisi tumeyashika tena kimo chake kwa tope na mpira.

Kisha tukaupeleka mpira hadi kiwanja cha mikoche. Sakafu ya nyumba ingekaa 5.30. Juu ya uongo wangu, chini ya mto. Maji yale yangemkuta mama yako kitandani, yamekaribia goti.

Nilimwambia siku hiyo hiyo, nimesimama ndani ya msingi wake. Alinisikiliza hadi mwisho, hakuinua sauti. Alisema, "Galgalo, miaka yote nilidhani uongo wako ni wa kuchekesha watoto." Akajifunga kanga vizuri, akaokota jiwe la kwanza akaliweka kwenye mkokoteni. Tumeyahamisha yote, siku nne, hadi kiwanja cha juu karibu na msikiti, ambako tumepima 6.40. Sijamsikia akinitania tangu hapo, na hilo linaniuma kuliko goti.

Sasa kazi yako. Futa siku zote thelathini na nane, usiibakize hata moja kwa kunihurumia. Weka 5.62 ukitaka, na useme wazi imetoka kwa kuta tano. Najua itakubidi upige hesabu upya na zimebaki wiki tatu hazijatimia. Ofisini nimeandika pia, kwa jina langu na sahihi yangu. Wakiniachisha, wana haki. Na kwenye ukurasa wa mwanzo, futa maneno "bila kukosa hata siku moja". Jina lenyewe nakuachia wewe uamue.

Nisamehe, mwanangu. Sina neno la kulirefusha hapo.

Jambo la mwisho. Nikipewa nafasi nimalize vitabu vyako, nitavirudisha vizima. Na ukimpata mtu anayeanza elimu hii, mwambie aanze na kile cha historia, aone kwanza walivyotaabika kina muuza vitambaa. Ile M iliyoanguka aikute akiwa ameshapenda. Mimi sasa naielewa, ni kusema "jumlisha zote". Ningeambiwa mapema, kile chekundu kisingezuia mlango.

Mama yako anakusalimu, amesema atakupigia yeye mwenyewe Ijumaa. Mke wangu Hasina anakusalimu, Mohdhar anakusalimu, na Truphena anauliza kama huko wana posho mili. Mungu akutie nguvu kifuani na nuru kalamuni, akurudishe kwetu mto ukiwa umetulia.

Ni mimi mjomba wako, ninayekupenda kuliko ng'ombe wangu wote sita,

Galgalo Guracha.

Mto, saa moja asubuhi, nimesimama hapo mwenyewe: leo 2.14. Jana 2.14. Juzi 2.14.