Waya wa Mama

Jumapili, jioni

Waya wa chuma umenikera leo! Muuzaji kule Nyakoe aliniambia niuzungushie tepu kabla ya kuukata. Nikapuuza, nyuzi zake zilizosokotwa zikafumuka, zikanichoma vidole. Niliupima, nikaufunga kutoka mlangoni hadi chooni, Mama aushike akitembea, kwa kuwa macho yake hayaoni tena.

Aliupapasa mpaka mwisho, akasimama.

"Mwanangu, mbona umeishia hapa?"

"Si choo ndicho hiki, Mama?"

"Na kwa baba yako nitafikaje?"

Kaburi liko mbele kidogo, kando ya migomba. Sikujua kwamba bado huenda kumwamkia.

Kesho nitanunua waya mrefu zaidi. Tepu nitazungusha kwanza, Mama asichomwe njiani akienda kwa Baba.