Mtu wa Unga

Jumanne, 3 Mei 1994

Hashil,

Siku ya hamsini na moja ya eda. Chumba chako cha picha nimekifagia mara tatu leo. Kilikuwa safi tangu ya kwanza. Kamera ya filamu bado imesimama, inaitazama meza. Donge lako la unga limekauka, kuku asiye na miguu. Ulisema: donge liwe kuku, kuku awe mtu, mtu arudi donge. Picha moja, sogeza kidogo, picha nyingine. Nilikucheka — mzee mzima na unga!

Sasa nataka kukumalizia.

Nimefungua kamera nione umefika wapi. Nimeifunga tena.

Jumatano, 4 Mei

Wifi Nasima kaniletea maziwa. Kusikia tu, akashika kichwa. "Mwanatumu! Umeifungua mchana kweupe? Filamu ikiona mwanga imeungua!"

Miaka kumi na tisa nimebisha mlango huu kabla ya kukuletea chai. Sikuwahi kuuliza kwa nini. Mke wa mpiga picha!

Kuku na aungue. Lakini uliniambia mkono wako uliingia kwenye picha za filamu hiyo mara moja, kwa makosa. Huna picha nyingine inayosonga. Wewe, uliyepiga harusi zote za Voi.

Sijala.

Ijumaa, 6 Mei

Nasima anasema huenda filamu iliyoviringwa ndani imepona, mwanga haukuifikia. Haya.

Nimekanda unga mpya. Nikatia hamira — mkono umezoea mahamri! Picha baada ya picha, kuku akawa mtu vizuri, kisha akaendelea kuumuka mwenyewe. Kufika adhuhuri ana tumbo na mashavu.

"Huyu ni mama mtupu!" akasema Nasima.

Mama yenu, mkwe wangu! Tukacheka hadi tukaona haya. Treni ya mizigo ikapita, meza ikatetemeka, mtu akatikisa kichwa kama wewe ukipewa chai iliyopoa. Nikaipiga picha na hiyo.

Jumapili, 8 Mei

Leo bila hamira. Mtu amerudi donge, kimebaki kidole kimoja. Nasima anaondoka sasa hivi, anaipeleka filamu Nairobi ikasafishwe. Zimebaki picha chache kwenye filamu.

Nimeweka mkono wangu mezani mbele ya kamera, kando ya donge. Kwa makusudi. Wako ukiwa umepona, itakuwa miwili. Ukiwa umeungua —

Nasima anabisha mlango. Kumbe hata yeye anabisha. Namwambia angoje.

Hashil, huko uliko, unikumbuke.