Jina la Fundi wa Ndege

Jumatatu, 3 Machi
Nekesa, huna adabu. Jumamosi nitakuambia usoni. Nilikuwa nachagua maharagwe, mwanangu Njoroge akapiga simu: mkewe Nekesa amejifungua kijana, anaitwa Ryan. Ryan nani? Kwetu kijana wa kwanza hupewa jina la babu yake. Kamau mume wangu ameshakufa, nani atamrudisha? Hii ni kazi ya huyu msichana wa Bungoma.

Alhamisi, 6 Machi
Nimepangusa picha ya Kamau, ile ya kambini, kambi ya jeshi la anga. Kambi hiyo ilikuwa ya wazungu. Ndege zao zilitoka pale kupiga mabomu msituni, na baba yangu alikuwa humo msituni. Halafu uhuru ukaja, ikawa yetu. Kamau akaajiriwa kutengeneza injini. Nilijivuna Riruta nzima. Kisha wenzake wakaasi serikali. Yeye alikutwa chini ya ndege, spana mkononi. Wakafungwa wote, mwenye kosa na asiye na kosa. Alirudi amekonda, hakushika spana tena. Leo nje ya ukuta wake ni magodauni ya mitumba.

Jumamosi, 8 Machi
Aibu.
Tulienda kwa Njoroge, Kitisuru, na akina mama wa kanisa kumwona mtoto, na uji wetu kwa chupa. Sikungoja hata kuketi. Nikamwambia Nekesa mbele ya wote, "Umekataa jina la mume wangu. Ama kwenu mtoto hupewa jina kwa msimu, mvua ikinyesha?" Wakacheka. Nekesa alikuwa ananyonyesha. Chozi likaangukia kichwa cha mtoto.
Njoroge akasema kutoka mlangoni, "Mama, mwache. Yeye alilitaka hilo jina. Ni mimi nilikataa. Shuleni niliitwa mtoto wa muasi mpaka nikamaliza."
Hakuwahi kuniambia. Hata siku moja.
Akina mama wakaangalia vikombe. Nekesa ndiye aliyenimiminia uji. "Kunywa, mama."

Jumapili, 9 Machi
Sikuenda kanisani. Mdomo huu.

Jumanne, 11 Machi
Nimempigia Nekesa. Nimeomba msamaha. Akasema mtoto amelala vizuri. Njoroge hajashika simu yangu. Mvua imeanza, nimeanua nguo.
Kesho uamke mapema, wewe mama Njoroge. Chukua ile picha, uende Kitisuru, umwambie Njoroge baba yake alikutwa na nini mkononi. Jina la Kamau usilitaje. Nyamaza, alitaje mwenyewe.