Babu Alipoongea Kinorwe Sebuleni

Babu,

Huku Cheektowaga, kando ya Buffalo, theluji imeziba mlango wa nyuma. Nikitoka shule nawapokea wadogo zangu, nafunga komeo, na siku yangu ya nje imekwisha mpaka Mama arudi kutoka kazini ghalani. Madirisha tumeyabandika plastiki kuzuia baridi. Magari yanapita kama yako ndani ya maji.

Sijakusimulia kilio chako. Ulifia Columbus kwa Mjomba, na huko watu walijaa sebuleni na sufuria zao. Mjomba akaweka zile filamu mbili za maisha ya mabaharia wa Norwe ulizopigwa humo, wewe uliyetoka Uvira kijana ukazeekea kwenye meli zao. Ukatokea kwenye televisheni, uko chumba cha mashine, mikono imejaa mafuta, unaongea Kinorwe. Akina mama wakakuitikia: "Eeh, papa. Karibu, papa." Mmoja akasema mzee anajifanya hatujui tena. Wakacheka huku wanalia.

Unajua kwetu mtoto aliyesoma ndiye mdomo wa wakubwa. Niliamriwa nisimame kando ya televisheni, nisome maandishi ya Kiingereza yaliyopita chini ya picha, niyageuze Kiswahili. Humo kwenye filamu ukaulizwa kama baharini mtu yuko huru. Nikayasema maneno yako kwa sauti yangu: "Naona maji pande zote, na mlango hakuna. Nikifika nyumbani, binti yangu ananikimbia. Anamwambia mama yake kuna mgeni."

Binti yako huyo, Mama yangu, alikuwa mbele yangu, sahani mapajani. Hakunitazama.

Nami, Babu, nimechaguliwa kusomea kazi za meli za ziwani hapa Buffalo. Mama alikataa tangu mwanzo. "Mayi ilikamata papa yangu," alisema. "Haitakukamata na weye." Na sasa tunahamia Louisville kwa mama mdogo, ambako Mama amepata kazi ya mchana. Nafasi yangu nitaiacha. Nimekubali, kwa sababu amechoka, lakini naruka maboksi ya kuhama kwenda jikoni kama mtu anayetafuta mlango.

Jumapili tulipotoka kanisani Mama aliendesha gari, wadogo wakigombania kiti. Kisha akauliza bila kugeuka, "Bon, kule Louisville kuko mto?"

Nikamwambia upo, mpana, na vyombo vya mizigo vinapita.

Taa ikawa kijani, hakuondoka. Gari la nyuma likapiga honi.

"Na watu wa hizo meli, wanarudiaka kwao jioni?"

Nikamwambia wengine wanarudi. Hakusema ndiyo, Babu. Lakini neno hapana, ambalo huwa liko tayari mdomoni mwake, sikulisikia.

Pumzika sasa, umefika. Nakuahidi nitatafuta chombo kinachorudi jioni, hata kikiwa kidogo, hata kikiwa cha kusukuma vingine tu. Mama ameshamngojea mtu mmoja wa maji. Wa pili hatamngojea hivyo.

Mjukuu wako,
Furaha