Spika Mbili Juu ya Ulezi wa Dada Bhoke

Jumatatu, 7 Julai

Bila mimi Kenyamonta ingeshakuwa pori. Nani aliunga waya wa spika za kanisa mvua ikinyesha? Mimi, Marwa. Nani alimtazama simba machoni mpaka simba akaona aibu? Mimi. Darasa la tano niliacha mwenyewe. Mwalimu alikuwa ameishiwa.

Asubuhi uji, kisha kuzunguka shamba la Dada Bhoke kama kawaida. Ulezi umeiva, vichwa vyekundu. Kilichokosekana ni mikono. Dada ni mjane, ana binti yake Gati tu. Wawili hao watavuna wiki tatu. Tembo hawasubiri wiki tatu. Jana wametoka hifadhini, wamemaliza shamba la jirani, Mzee Chacha. Wamebakiza mashina na mavi.

Huo ulezi ndio ugali na uji wa dada mwaka mzima. Nimemwambia, tembo niachie mimi. Aliendelea kupepeta.

Jumatano, 9 Julai

Nyamongo kwa bodaboda. Nina rafiki huko, Masanja, Msukuma aliyekuja kuchimba dhahabu akaishia kukodisha muziki wa harusi. Amenipa spika mbili za honi, amplifaya na betri ya gari. Bure. Wenzake walinicheka. Masanja hakucheka. Mungu amtunze.

Kurudi, betri katikati yangu na dereva, spika shingoni. Watu wa barabarani walidhani ni mgombea. Nikawapungia.

Alhamisi, 10 Julai

Majaribio yameanza. Askari wa wanyamapori walituambia tembo anaogopa nyuki. Nikarekodi nyuki kwa simu. Kwenye spika wamesikika kama mahindi yanakaangwa. Hata kuku hawakuinua kichwa. Nikarekodi simba, yaani mimi nikinguruma. Gati alicheka mpaka akakaa chini.

"Mjomba, huyo simba ana kwikwi."

Mtoto hana adabu. Nampenda.

Halafu likaja wazo kubwa. Kitu gani kinatisha kuliko vyote huku kwetu? Yowe. Yowe la ng'ombe kuibiwa. Jioni limerekodiwa nyuma ya ghala. La kutisha. Sijasikia sauti ya namna hiyo tangu babu afe.

Jumamosi, 12 Julai

Vumbi limenijaa machoni. Naandika hivyo hivyo.

Saa kumi jioni. Nilitaka kujaribu tu kabla tembo hawajatoka. Spika juu ya mgunga, kando ya ulezi. Kitufe cha sauti nikakizungusha mpaka mwisho, maana kujaribu nusu ni uoga.

Yowe likatoka.

Huku kwetu yowe likilia hakuna anayeuliza. Unashika ulichonacho, unakimbia. Sheria hiyo ilikuwepo kabla ya serikali. Mimi ni Mkurya wa kuzaliwa, na nilisahau. Niliwaza tembo tu.

Kwanza ng'ombe. Ilikuwa saa yao ya kurudi zizini. Makundi matatu yakashtuka, yakapita katikati ya ulezi wa dada. Kwato na vumbi. Nikakimbilia amplifaya, kitufe kikang'oka, kikabaki mkononi. Yowe linajirudia, linajirudia. Kisha wanaume. Kila kilima. Pinde, mikuki, mapanga. Waliokuwa msibani waliacha msiba, mmoja Biblia mkono huu na rungu mkono huu. Waliovuka mto wamelowa mpaka kifuani. Mwishowe waya wa betri niliuchomoa kwa meno.

Watu elfu moja wananitazama. Tuseme mia mbili.

Mzee Chacha alikuwa wa mwisho kufika, anahema. "Wezi wako wapi, Marwa?"

Nikaonyesha spika.

Nusu ya ulezi imelala chini. Dada amesimama pembeni, mikono kichwani. Tembo hawajamgusa. Mimi nimemgusa. Naona aibu. Naona aibu sana.

Jumapili, 13 Julai

Wazee wamenikalisha. Sijala tangu jana. Mpiga yowe la uongo hutengwa. Hakuna wa kuja kwako hata nyumba ikiungua. Nikasimama, nikasema nitengwe mimi, dada asiguswe. Sikutia chumvi hata punje.

Mzee Chacha akapapasa goti lake bovu. "Jana nimekimbia. Sikujua kama bado naweza."

Watu wakacheka. Nikapumua.

Akasema waliokimbia jana warudi kesho, waache mikuki waje na visu, wakate ulezi wa Bhoke, uliosimama na ulioanguka. Risaga, kazi ya wote kwa mmoja. Na Marwa atoe fahali wake, yule mweusi, achinjwe tule. Nilikuwa nampenda yule fahali. Nimeshukuru mpaka machozi yakanitoka. Moshi wa moto wa wazee ulikuwa mwingi pia.

"Na mwenye sauti ile," akamaliza, "ndiye mpiga mbiu wetu kuanzia sasa."

Makofi. Nikainamisha kichwa.

Jumatatu, 14 Julai

Wamekuja wote. Wote! Hata wale wa ng'ambo ya mto. Masanja alifuata spika zake, akapewa kisu, akakata ulezi mpaka mwisho huku akiimba Kisukuma. Saa tisa shamba jeupe, ghala limejaa. Nyama ya fahali ilikuwa tamu. Nakiri.

Jumanne, 15 Julai

Tembo wamekuja alfajiri. Kumi na mmoja. Gati anasema wanne. Wakasimama kwenye mabua, wakanusa, wakageuka. Tungechelewa siku moja tu, dada angekosa chakula. Asante Mungu. Asanteni watu wa yowe.

Jumatano, 16 Julai

Siku tulivu. Kesho ni mbiu yangu ya kwanza, ya mkutano wa kijiji.

Acha niandike, hapa hasomi mtu. Ile sauti si yangu. Nilijirekodi mara nne nyuma ya ghala, ikatoka kama ya mwanambuzi. Dada akaweka ungo chini, akachukua simu, akajifunika gunia ili yowe lisifike kijijini, akalipiga mara moja, akarudi kupepeta. Alichunga ng'ombe wa baba kabla mimi sijazaliwa.

Jumapili alikuwepo wakinipa ile kazi. Hakusema neno.

Leo ameniletea debe la ulezi. "Kunywa uji, mdogo wangu. Koo lilainike."

Nimekunywa vikombe vitatu. Nimekwenda nyuma ya ghala, nimejaribu.

Bado mwanambuzi.