Kisu Ndani ya Tuta

Pito, Sumbawanga

Mjukuu wangu Skola,

Marahaba. Bibi yako anatembea tena bila fimbo, na ulezi umeshaingia ghalani. Umeuliza kwa nini shangazi yangu Yustina aliitwa Karani wa Siku.

Kila jioni aliandika daftarini mambo ya siku hiyo, nasi tukimcheka. Lilipokuja soko huria, bwana mmoja wa mjini akaliomba shamba letu, akidai ni pori. Aliona matuta yaliyoota majani tu. Hakujua kwamba sisi Wafipa hufukia nyasi kwenye matuta zioze kwanza, ndipo tupande.

Mbele ya mkutano wa kijiji shangazi akafungua daftari la mwaka ule, akasoma: "Leo nimefukia tuta la kona, karibu na kisima. Kisu changu sikioni, nadhani kimo humo."

Mwenyekiti akasema, "Haya, twendeni tukachimbe."

Nyasi zilikuwa zimeoza, nyeusi tii, na katikati yake kisu! Wanawake walipiga vigelegele mpaka yule bwana akawasha gari.

Madaftari ninayo mimi sasa. Jana nimeandika: "Barua ya Skola imefika. Amemuulizia Yustina."

Babu yako,
Kasiani